Jibu kwa karani mpya wa bandari ya Tanga

Ndugu yangu, nimeelewa kwamba Kiingereza cha shuleni unakimudu, ila tangu uanze ukarani kwa wakala wa forodha, barua za kampuni za meli zinakuacha njia panda. Usitegemee kamusi ya kawaida, kwani humo "detention" ni kuwekwa kizuizini, ilhali kwa watu wa meli ni tozo ya kukaa na kontena nje ya bandari kupita siku ulizopewa. "Demurrage" hutozwa kontena linapokawia ndani ya bandari. FOB (bei ya mzigo ukishapakiwa melini) na CIF (bei pamoja na bima na nauli ya meli) visome katika Incoterms za 2020, yaani kanuni za kimataifa za masharti ya mauziano, maana ndivyo vinavyoamua nani abebe gharama na hatari. Lugha ya mitaani ya mabaharia utaizoea kijiweni, haina haraka. Barua yenye madai ya fedha usiijibu kwa kubahatisha. Mwonyeshe kwanza wakala mwenye leseni.