Msianze na maneno, anzeni na karatasi

Nyie mnaoanza kusoma propaganda za serikali za kijeshi, hasa mnaokuja kukaa na mafaili pale Nyaraka Kilimani, hifadhi ya kumbukumbu ya Zanzibar, nakuombeni mkishika gazeti la zamani msikimbilie habari. Tizameni kwanza nani kalichapa, wapi, na toleo la pili lilitoka lini.

Wageni huwa nawapa mfano wa Chile. Jeshi lilipindua Septemba 1973, Jenerali Pinochet akakamata nchi, na polisi wa siri, DINA, wakawa wanachukua watu majumbani mwao, familia zikenda mahakamani kuuliza zinajibiwa hatunao. Basi Julai 1975 yakatoka majina ya watu 119 katika hao waliochukuliwa, eti wamefia nje ya nchi, wengine wameuliwa na wenzao wenyewe. Majina 60 yalikuwemo kwenye jarida la Argentina likiitwa LEA, na 59 kwenye gazeti la Curitiba, Brazil. Magazeti ya Chile yakadaka hapohapo, La Segunda likapiga kichwa kikubwa kuwa wamemalizwa kama panya. Na hiyo LEA ilitoka mara moja tu, haijaonekana tena!

Hapo ndo pa kukaa sana. Uongo ulipelekwa nje ili urudi ndani ukiwa habari ya kigeni, mhariri wa Santiago, mji mkuu wa Chile, yeye ananukuu tu. Hata sie barazani mtu akisema redio ya nje imetangaza, nani anabisha tena?

Na aliyekusudiwa kuvunjwa ni mama. Mtoto kachukuliwa yeye akiona kwa macho yake, leo gazeti linamwambia mwanao alikimbia akauliwa na rafiki zake, jirani naye kasoma hilohilo, sasa alie, amtafute, au anyamaze? Mie mpaka leo hapa panan'choma.

Lakini maombi yale ya mahakamani, ya familia kuuliza watu wao wako wapi, yalibaki, na kamati ya makanisa, Comité Pro Paz, ilikuwa ikiwasaidia jamaa kuyafungua na kuweka kumbukumbu. Kwa hivyo ukipata orodha kama ile ya LEA, chukua jina mojamoja, tafuta ombi lake, andika pembeni tarehe aliyokamatwa na nani aliona. Ndo kazi yenyewe, inachosha, na usiiruke hata kwa jina moja, kila jina lina watu wake walokuwa wakilisubiri mlangoni.