Unataka kuipa spishi jina la mtu? Anza na herufi ya mwisho

Furu wengi wa Ghuba ya Mwanza, samaki wadogo wa Ziwa Victoria, walitoweka kabla hawajapata jina rasmi. Sangara alipandikizwa ziwani miaka ya 1950 na 1960, akaongezeka kwa kasi miaka ya 1980, na spishi ambazo watafiti wa Chuo Kikuu cha Leiden walikuwa wakizivua miaka michache tu kabla ya hapo zikaacha kuonekana kwenye nyavu. Kilichobaki ni chupa za vielelezo, nyingine zikiwa na majina ya utani tu kwenye vibandiko. Ndiyo maana kazi ya kutoa majina inaendelea miongo kadhaa baada ya mavuno hayo. Mwaka 2010 walitangazwa, kati ya wengine, Haplochromis katunzii na Haplochromis bwathondii, majina yanayowaenzi wanasayansi wa Kitanzania wa utafiti wa uvuvi, Katunzi na Bwathondi.

Ziangalie hizo i mbili mwishoni. Wahariri wengi wa magazeti, na wanafunzi wengi pia, huifuta moja wakidhani ni kosa la uchapaji. Si kosa. Na kwa anayetayarisha jina lake la kwanza, hapo ndipo penye kazi.

Jina la spishi linalomuenzi mtu huwekwa katika hali ya umilikishi ya Kilatini: spishi "ya fulani". Kanuni za Kimataifa za Majina ya Wanyama zinataka uchukue jina la mtu kisha uongeze -i akiwa mwanamume, -ae akiwa mwanamke, -orum wakiwa wanaume wengi au wanaume na wanawake pamoja, na -arum wakiwa wanawake watupu. Nyerere anatoa nyererei, jina la furu wa miambani aliyetangazwa mwaka 1985 na ambaye bado yupo ziwani. Kimeu anatoa kimeui, kama ilivyo kwa tumbili wa kale Cercopithecoides kimeui, aliyepewa jina la Kamoya Kimeu, mtafutaji visukuku mashuhuri wa Kenya. Heselon anatoa heseloni. Boheti (yeye na Heselon tutakutana nao mbele) tayari ana i yake, akiongezewa nyingine anakuwa bohetii, kama Katunzi na Bwathondi. I ya kwanza ni ya mtu, ya pili ni ya Kilatini. Ukiandika boheti umeondoa kiambishi chote, na Kanuni zinahesabu hiyo kuwa tahajia yenye makosa, hata ikirudiwa kwenye vitabu kumi.

Shida kubwa zaidi kwa majina ya kwetu ni yale yanayoishia na a. Kando ya ziwa hili yamejaa: Masanja, Magesa, Mwita. Kuna njia mbili halali. Ukilichukua jina lilivyo na kuongeza -i, Masanja mwanamume anatoa masanjai. Ukiliona kuwa jina la Kilatini, linafuata sarufi ya maneno ya Kilatini yaliyoishia na a, na hapo hata mwanamume anatoa -ae. Kanuni zenyewe zinatoa mfano wa Nicolaus Poda, mwanamume, ambaye jina lake likichukuliwa kuwa la Kilatini linatoa podae. Ushauri wetu ni kuikwepa njia hii ya pili. Msomaji akiona masanjae atadhani ni mwanamke, na ukishachapisha, tahajia yako ndiyo itakayobaki. Masanjai kwa mwanamume, masanjae kwa mwanamke; hapo hakuna atakayekuuliza.

Tahadhari inayohusiana na hilo: Kiswahili hakisemi kama mtu ni wa kike au wa kiume. Barua pepe inayosema "Dkt. Masanja alikusanya vielelezo hivi, ameshahamia Dar" haimwambii mwenzako wa Ulaya lolote kuhusu jinsia. Atakisia, na mara nyingi atakisia mwanamume. Mwanamke anayetumia jina la baba yake bado anastahili -ae, kwa kuwa anayeenziwa ni yeye, si baba. Andika jinsia waziwazi kwenye rasimu ya kwanza kabisa.

Lakini usigeuze kanuni hiyo kinyumenyume ukadhani kila -ae ni mwanamke. Proconsul meswae, sokwe wa kale aliyetangazwa mwaka 2009, hakupewa jina la mtu yeyote. Meswa ni mahali, Meswa Bridge, magharibi mwa Kenya. Majina ya mahali pia huweza kuwekwa katika umilikishi. Mahali hapohapo ndipo kilipotoka Simbakubwa kutokaafrika, mla nyama mkubwa aliyetangazwa mwaka 2019 kwa Kiswahili kitupu.

Sasa ritifaa. Mtu wa Usukumani anayeitwa Ng'wandu hawezi kubaki na ritifaa yake. Alama za namna hiyo hazikubaliki kwenye jina la kisayansi; huondolewa na herufi huunganishwa, kwa hiyo ni ngwandui. Vistari pia huondoka, isipokuwa pale ambapo sehemu ya kwanza ni herufi moja tu ya Kilatini inayoeleza umbo la mnyama. Nafasi kati ya maneno nayo haibaki: furu Haplochromis vanoijeni amebeba jina la ukoo van Oijen likiwa neno moja. Na jina la spishi daima huanza na herufi ndogo, hata likiwa la rais.

Jina lipi la mtu litumike? Kanuni hazichagui, na hapa ndipo historia inajionyesha. Pitia orodha ya visukuku vya Afrika Mashariki. Mjusi mkubwa wa Tendaguru kule Lindi, Giraffatitan brancai, ana jina la ukoo la Wilhelm von Branca, mkurugenzi wa makumbusho ya Berlin. Nyasasaurus parringtoni ana jina la ukoo la Rex Parrington, aliyekusanya mifupa yake miaka ya 1930. Lakini sokwe wa kale wa Kisiwa cha Rusinga aliyepewa jina mwaka 1993 kumuenzi Heselon Mukiri, aliyekuwa mfanyakazi wa mtafiti wa visukuku Louis Leakey, anaitwa heseloni, si mukirii. Na Kamoya Kimeu alipopewa jenasi nzima (kundi la spishi za karibu, ambalo jina lake hutangulia la spishi) mwaka 1995, ikawa Kamoyapithecus. Mzungu kwa jina la ukoo, Mwafrika kwa jina aliloitiwa kambini. Si kila mara ni dharau. Boheti bin Amrani, msimamizi mkuu wa wachimbaji wa Tendaguru, hakuwa na jina la ukoo kwa maana ya Kizungu, na bohetii ni chaguo sahihi kabisa. Ila mwenye jina analosainia makala zake aenziwe kwa jina hilo, kama walivyofanyiwa Katunzi na Bwathondi. Akiwa hai, muulize. Muulize pia kama anataka. Si kila mtu anafurahia jina lake kubebwa na samaki aliyekwisha kutoweka.

Boheti alipata spishi yake, Australodocus bohetii, mwaka 2007, karibu karne moja baada ya uchimbaji wa 1909 hadi 1913. Mohammadi Keranje, msimamizi mwingine wa uchimbaji huo, alipata yake mwaka 2019: Wamweracaudia keranjei, ambamo jenasi inawataja Wamwera. Wakati huohuo mjusi mwingine wa Tendaguru anaitwa Dysalotosaurus lettowvorbecki tangu mwaka 1919, kwa heshima ya kamanda wa jeshi la Wajerumani. Upande wa ziwa nako kuna kumbukumbu za namna hiyo: ndovu wa kale wa Karungu alipewa jina hobleyi mwaka 1911, na Hobley alikuwa ofisa wa utawala wa kikoloni. Majina haya hayabadilishwi kwa sababu tu aliyeenziwa hapendezi leo. Kanuni zinalinda uthabiti wa jina, na Tume ya Kimataifa inayozisimamia imeukataa wito wa kuyafuta. Kwa hiyo uchaguzi wote wa kimaadili unafanyika siku ile unapoandika jina, si baadaye. Usijipe jina lako mwenyewe. Hakuna kifungu kinachokataza, lakini utachekwa maisha yako yote.

Uzuri wa umilikishi ni kwamba haubadiliki spishi ikihamishwa jenasi. Heseloni alianza kama Proconsul heseloni, mwaka 2015 akahamia jenasi Ekembo, na akabaki heseloni. Boisei, aliyepewa jina la mfadhili Charles Boise baada ya ugunduzi wa Olduvai mwaka 1959, alitoka Zinjanthropus hadi Paranthropus bila kuguswa. Vivumishi havina bahati hiyo, kwa sababu lazima vipatane na jinsia ya kisarufi ya jenasi: Gigantosaurus robustus wa Tendaguru sasa ni Janenschia robusta. Kinachobadilika kwa wote ni mabano kwenye majina ya waliotangaza spishi na mwaka. Haplochromis nyererei Witte-Maas & Witte, 1985, akiwekwa kwenye jenasi Pundamilia, anaandikwa Pundamilia nyererei (Witte-Maas & Witte, 1985). Mabano hayo yanasema jenasi ya sasa siyo ya mwanzo, basi. Usiyaweke kwa mapambo.

Janenschia yenyewe inaonyesha njia ya jenasi. Jenasi haiwekwi katika umilikishi. Unaongeza -ia kwenye jina la mtu, au unaliunganisha na neno kama -pithecus au -saurus. Ila jenasi lazima iwe ya pekee katika wanyama wote, wadudu na konokono wakiwemo. Gigantosaurus iliachwa kwa sababu jina hilo lilikuwa limeshatumika tangu 1869. Jina la spishi linahitaji kuwa la pekee ndani ya jenasi tu, lakini Haplochromis ni jenasi iliyosongamana mno; pekua kwanza katalogi ya samaki ya Eschmeyer na ZooBank, daftari rasmi la mtandaoni la majina ya wanyama, na tafuta pia kwenye jenasi ndogo zilizowahi kutengwa nayo, maana zikirudishwa, majina yatagongana.

Anayeshughulika na mimea ya kale afunge ukurasa huu na kufungua kanuni za mimea. Huko jina linaloishia na konsonanti, isipokuwa -er, kwa kawaida huongezewa -ii, na linaloishia na a huongezewa e. Ukichanganya kanuni hizo mbili utapata majina yasiyo ya huku wala kule.

Jina bila kielelezo ni maneno matupu. Tangu mwaka 2000, spishi mpya lazima itajwe waziwazi kuwa mpya, iwe na kielelezo kinachobeba jina, kwa kawaida kimoja kiitwacho holotaipu, na useme kimehifadhiwa kwenye mkusanyiko gani. Kwa furu, piga picha samaki angali hai au ametoka majini sasa hivi, hasa dume mwenye rangi za kuzalia, kwa sababu rangi hizo zitapotea kwenye dawa na ndizo mara nyingi zinazotenganisha spishi mbili za umbo moja. Kata kipande cha pezi, kitie kwenye ethanoli ya asilimia 95 au zaidi, ndipo uende kwenye fomalini. Ukianza na fomalini umeharibu DNA. Fomalini ya dukani ichanganywe sehemu moja kwa tisa za maji. Samaki akishakakamaa vizuri, msuuze kwa maji na umhamishie ethanoli ya asilimia 70. Kibandiko kiwe ndani ya chupa, si nje tu, na kiandikwe kwa penseli. Wino wa kalamu ya kawaida huyeyuka, na chupa isiyo na mahali wala tarehe haiwezi kubeba jina la mtu yeyote. Vibali vya COSTECH, Tume ya Sayansi na Teknolojia ya Tanzania, vishughulikiwe kabla ya safari. Kwa visukuku kuna Idara ya Mambo ya Kale pia.

Kwenye makala, weka aya fupi ya asili ya jina. Itaje jina kamili la mtu, jinsia, alichokifanya kinachohusiana na spishi hii, na sarufi yake. Mfano: "Ngwandui: nomino katika umilikishi, kumuenzi fulani Ng'wandu, mwanamume, aliyekusanya vielelezo vya kwanza Ghuba ya Speke." Sentensi hiyo moja inazuia mabishano ya miaka hamsini ijayo kuhusu kiambishi.

Hadi siku ya kuchapisha, lifunge jina mdomoni. Likitoka kwenye bango la mkutano au gazetini bila maelezo ya spishi, halihesabiki kuwa limetolewa, na mwingine anaweza kulitumia kwa kitu tofauti. Tasnifu ya chuo nayo mara nyingi haihesabiki kuwa uchapishaji. Jarida likiwa la mtandaoni pekee, makala isajiliwe ZooBank kabla ya kutoka na uthibitisho wa usajili huo uonekane ndani yake. Kisha soma prufu ukiwa umelitafuta jina kwa kompyuta kila lilipo: kichwa cha makala, muhtasari, majedwali, maelezo ya picha. Programu za kusahihisha tahajia hupenda kula ile i ya pili. Jina likitoka kwa tahajia mbili ndani ya makala hiyohiyo ya kwanza, anayeamua ipi ibaki ni mtafiti wa kwanza kuzitaja zote mbili na kuchagua moja, na huyo anaweza kuwa mtu usiyemjua, aliyekuwahi kwa wiki mbili.