Blu-ray kutoka Marekani haisomi, na ikisoma ina chengachenga

Swali: Mjomba kanitumia Blu-ray ya filamu ya Monsoon Wedding kutoka Marekani, ile ya kampuni ya Criterion. Deki yangu nilonunua hapa Mombasa inaikataa kabisa. Kwa jirani alorudi na deki yake kutoka Canada inacheza, lakini picha imejaa chengachenga wakati DVD yangu ya zamani ilikuwa laini tu. Nimetumiwa feki? (Msomaji, Kisauni)

Jibu: Si feki dada yangu, usimgombeze mjomba bure. Hiyo ya kukataa ni rijeni, yaani eneo la dunia ambalo diski imefungiwa. Blu-ray zimeigawa dunia mafungu matatu, A ni Marekani, Canada, Japan na Korea, B ni Ulaya, Uarabuni, Australia na sisi Afrika, C ni India, China na Urusi, na hizo Criterion za Marekani huwa zimefungwa A, kwa hivyo deki ya huku haina haja nayo hata uisafishe vipi. Wa kukusaidia ni deki ilofunguliwa rijeni, na hapo chunga sana, maana wauzaji wengi wakikwambia inasoma zote wanamaanisha DVD tu, upande wa Blu-ray bado umefungwa. Nenda dukani na diski yako mkononi, itiwe mbele yako, icheze, ndio utoe pesa.

Sasa hizo chenga, hapa ndipo nataka unisikize vizuri. Mira Nair, mwongozaji wake (ndiye huyo alofungua Maisha Film Lab kule Kampala) hii filamu aliipiga kwa Super 16, kamera ya mkononi, filamu yenyewe nyembamba, halafu ikakuzwa kuwa 35mm ya sinema, na ikachukua tuzo ya Simba wa Dhahabu kwenye tamasha la filamu la Venice 2001. Ukikikuza kipande kidogo hivyo na punje zake, ndizo hizo chenga, zinakua nacho. DVD yako ina mistari 480 au 576 basi, punje zote zilikuwa zinamezwa pamoja na mambo mengine mazuri, Blu-ray ina 1080 kwa hivyo inakuonyesha filamu ilivyo. Hebu simamisha pale Dubey, yule mpambaji wa harusi, anapotafuna ua, utazame ile rangi ya chungwa na ngozi ya uso wake, kisha utie DVD pale pale. Mimi naona DVD imeiba picha.

Lakini TV pia yaweza kuzidisha. Nyingi zinatoka dukani zikiwa kwenye setingi ya kung'aa, ukali wa picha uko juu, basi kila punje inachongwa. Kwenye menyu ya TV weka muvi au sinema, ushushe ule ukali pole pole mpaka mistari myeupe kwenye kingo za nyuso iondoke, na ile setingi ya kufanya mwendo uwe laini izime kabisa, filamu ni picha 24 kwa sekunde na deki nyingi zina 24p kwenye menyu, yaani kutoa hizo picha 24 vile vile, iwashe. Ya kuondoa chenga nayo usiiguse tafadhali, watu wote wa ile harusi watakuwa na nyuso za nta.

Na ukiona vimistari vyeusi vyembamba juu na chini usibonyeze zumu, upana wa filamu ni mara 1.85 ya kimo chake na wa TV yako ni mara 1.78, ndivyo inavyotakiwa ikae.