Kushona ngozi ukiwa na watoto wadogo: inawezekana, ila tenganisha kazi za mchana na za usiku

Dada, umeuliza kama kushona ngozi kweli kunatuliza akili kwa mzazi mwenye kazi na watoto wawili wadogo, af ukasema ulishajaribu kuchora ukaacha baada ya wiki 2 maana kila ukikaa unaitwa. Wenzangu wengi hapo juu wamekujibu habari ya vifaa, nunua hiki acha kile, na si mbaya, ila mi naona swali lako hasa ni hilo la kuitwa. Ndo nalotaka kulijibu, manake ndo lililonisumbua hata mimi mpaka nikakaribia kuacha.

Mi nina watoto 3, wa mwisho alikuwa na miezi 8 nilipoanza, sasa naenda mwaka wa 4. Kazi yangu ni ya kukaa mbele ya kompyuta kutwa. Jioni ni kuogesha, kusimamia kazi za shule, kulaza, na wakishalala nilikuwa nashika simu mpaka macho yanauma, nikija kulala kichwa bado kinazunguka, asubuhi naamka nimechoka kuliko nilivyolala. Sikuwa naumwa kitu, nilikuwa tu sina hata dakika 20 kwa siku ambazo naweza kusema hizi ni zangu, na mwisho wa siku sina kitu chochote cha kushika mkononi nikasema hiki nimekimaliza leo. Kazi ya ofisini haiishi, nguo chafu haziishi, kulea ndo kabisaa.

Mwezi wa kwanza ulikuwa mbaya. Nilikuwa nataka kufanya kila kitu usiku huo huo, nakata, napaka gundi, natoboa, nashona. Siku moja nimepaka gundi ile ya kupaka pande zote mbili ukasubiri ikaukie kidogo ndo ubandike, nikiwa nasubiri mdogo akalia, nimekuja kurudi baada ya dakika 40 gundi imeshakauka kabisa haishiki tena, ikabidi niparue nianze upya. Siku nyingine nikatoboa matundu kwa nyundo saa 4 usiku, wakaamka wote watatu. Nikajisemea hii kitu ni ya watu wasio na watoto.

Kilichonibakisha ni kitu kimoja nilikuja kukiona. Katika hatua zote za kazi ya ngozi, iko moja hasa ambayo ukiitwa katikati haiharibiki, nayo ni KUSHONA. Ukikata ukaachia njiani mkono unaporudi mstari unapinda, gundi haikusubiri, kupaka rangi ukiacha nusu inatoa doa pale ulipoishia. Ila mshono, unaziachia sindano zinaning'inia, unaenda kumbembeleza mtoto hata nusu saa, unarudi unakuta tundu lako lile lile linakungoja. Hata ukirudi kesho. Hata ukirudi wiki ijayo. Na bahati nzuri hiyo hiyo ndo hatua inayotuliza akili kuliko zote.

Kwa hiyo nikagawa. Kukata, kubandika na kutoboa nafanya mchana wa siku ya mapumziko, kwa muda wa saa 1 na nusu hivi, wakati mwenzangu yuko na watoto. Naandaa vitu viwili vitatu kwa mpigo, vimeshabandikwa, vimeshatobolewa, naviweka kwenye boksi pamoja na uzi na sindano. Katikati ya wiki usiku nafungua boksi nashona tu, sikati kitu, sipimi kitu, sifikirii kitu. Nadhani ndo ilikukuta kwenye kuchora: kila ukikaa inabidi uamue upya uchore nini, utoe rangi, usafishe brashi, na mtu ambaye ameamua mambo ya watu kutwa nzima usiku hana tena nguvu ya kuamua. Mshono uliokwisha tobolewa haukuulizi chochote.

Sasa huo mshono wenyewe, kwa ambaye hajaufanya. Unatumia uzi mmoja wenye sindano kila ncha. Sindano ya kwanza inapita tunduni kwenda upande wa pili, ya pili inapita tundu hilo hilo kurudi upande huu, unavuta mikono yote miwili kwa pamoja, unahamia tundu linalofuata. Ni imara kuliko wa cherehani, kwa sababu cherehani inatumia nyuzi mbili zinazokamatana katikati, mmoja ukikatika mshono unaweza kufumuka, lakini huu hata uzi ukilika sehemu moja, upande wake wa pili bado umeshika. Siri yake ni kurudia vile vile kila tundu, sindano ile ile ndo itangulie na ya pili ipite upande ule ule wa uzi wa kwanza, ukibadilisha katikati unaona kabisa mishono inalala tofauti. Na kabla hujavuta sindano ya pili, vuta nyuma kidogo ule uzi uliotangulia uhakikishe hujautoboa, manake ukishautoboa hutaweza kurudisha nyuma ukikosea.

Hiyo kurudia ndo dawa yenyewe kwangu. Mikono yote miwili ina kazi kwa hiyo simu huwezi kushika hata ukitaka, macho yako kwenye tundu moja, masikio yako huru kusikia kama mtoto kaamka. Matundu yakiwa yameachana milimita 4, mshono wa sentimita 10 una matundu kama 25, na usiku ambao nimechoka sana najiambia matundu 10 tu, nikifika 10 naacha. Mara nyingi sifikirii kazi wala bili mpaka nainuka. Siwezi kukuambia itakuwa hivyo kwa kila mtu, na kama unajisikia huzuni isiyoisha au hulali kabisa wiki na wiki, nenda kamuone daktari, ngozi haichukui nafasi ya hilo. Ila kwa uchovu wa kawaida wa mzazi, ule wa kuvutwa huku na huku, mi sijapata kitu kilichonisaidia zaidi.

Kuhusu ngozi ya kuanzia, chukua iliyodabaghiwa (yaani iliyotengenezwa isioze) kwa magome ya miti, isiwe ile ya kromu, yaani iliyodabaghiwa kwa kemikali ya kromu. Ya kromu ni laini, nzuri kwa mabegi ya kulegea na nguo, lakini kwa anayeanza inavutika ukiikata na kingo zake hazikubali kung'aa. Ya magome imekakamaa kidogo, inakatika vizuri, na ukingo wake ukiupiga msasa, ukalowesha kidogo tu kwa maji, ukausugua kwa haraka na kipande cha mti kilicholainishwa, unakaza na kung'aa wenyewe. Kusugua kingo nako kunaweza kusubiri usiku kwa sababu hakuna kelele. Unene, kwa kishikio cha kadi milimita 1.2 hadi 1.5 inatosha, mkanda wa suruali ndo unataka 3 hadi 4. Usianze na mkanda, ngozi nene inaumiza vidole na utakata tamaa.

Jihadhari na kitu kimoja ambacho kiliniuma sana. Ngozi ya magome ikiwa imelowa maji usiiweke juu ya chuma. Nilikuwa nimeloanisha kipochi ili nikikunje vizuri, nikaitwa, nikakiacha juu ya rula ya chuma, nimerudi kimepata mstari mweusi wa bluu bluu ambao haukutoka tena. Ni ile tanini ya magome inashikana na chuma inakuwa kama wino. Toka siku hiyo kitu kikiwa na maji kinakaa juu ya taulo au ubao.

Vifaa usinunue seti kubwa zile za vipande 60, robo tatu yake hutavigusa. Kisu chenye makali ya kubadilisha, rula ya chuma, ule uma wa meno wa kutobolea wa milimita 4, nyundo ya mbao au plastiki (ya chuma itakuharibia uma), sindano 2, uzi wa poliesta uliopakwa nta wa milimita 0.8, na gundi ya maji. Nasema ya maji kwa sababu nyumba ina watoto na zile nyingine harufu yake ni kali inaingia mpaka vyumbani. Uzi ukate urefu mara 4 ya mshono, ukipunguza utaishiwa katikati na hakuna kitu kinakera kama hicho. Ukimaliza rudi nyuma matundu 2 au 3, kata, choma ncha kidogo kwa kiberiti, poliesta inayeyuka inajifunga yenyewe. Msharasi, kile chuma chembamba chenye ncha cha kutobolea kwa mkono, utaununua baadaye, ila nao ni mzuri ukitaka kutoboa bila kelele.

Halafu kisu. Hili naomba ulichukulie kwa uzito. Kinakaa kwenye kisanduku chenye kufuli na kinatoka siku ya kukata tu, sio usiku wa kushona, huo ni uzuri mwingine wa kugawa kazi. Kata kwa kupitisha mara 3 au 4 kidogo kidogo badala ya kukandamiza mara moja, na badilisha makali mapema, kisu butu ndo kinachoteleza kikakukata kwa sababu unakisukuma kwa nguvu.

Sindano kwa upande wake si tatizo sana, za kushonea ngozi ncha yake ni butu kwa makusudi kwa sababu tundu limeshatobolewa. Ndo maana mkubwa wangu alipofika miaka 7 nilimpa kipande chenye matundu makubwa akashona kishikio chake cha funguo akiwa amekaa pembeni yangu. Mishono imepinda yote na hataki mtu aiguse. Lakini siku nyingi nashona peke yangu na sioni aibu kusema hivyo, sio kila kitu cha mzazi lazima kigeuzwe kuwa cha watoto.

Na mwenzako ongea naye mapema. Sisi tulikubaliana usiku 2 kwa wiki ni zangu, usiku 2 ni zake, yeye anatoka kutembea na rafiki zake. Mtoto akilia kwenye usiku wangu yeye ndo anatangulia kuamka, na kwenye wake mimi. Kabla ya hapo nilikuwa nashona huku najisikia vibaya kwamba namwachia mzigo, na hapo hutulii hata ushone matundu 1000.

Jambo la mwisho, kuna siku mtu ataona kazi yako atakuambia nitengenezee na mimi, nitalipa. Mi nilikubali, wakawa watano, nikawa nashona saa 6 usiku huku nahesabu siku, furaha yote ikaondoka nikawa nimejiongezea kazi ya pili. Nilimaliza zile nikaacha. Sasa natoa zawadi tu ninapotaka. Kama unahitaji kipato hiyo ni hesabu nyingine na sina neno, ila umesema unataka kupumzika, basi mwaka wa kwanza kataa oda.

Anza na kishikio cha kadi cha vipande 2, mfuko mmoja tu, mshono upite pande 3, mstari uwe milimita 3 au 4 kutoka ukingoni. Kwa kasi ya mzazi ni usiku 3 au 4. Ukimaliza weka picha hapa, na upige upande wa NYUMA, maana mbele kila mtu anapatia, nyuma ndo tutaona sindano zako zinapishana wapi nikuelekeze.