Nyimbo za mapumziko: Rihanna aliacha zipi, na wewe uache zipi?

SWALI: Tumebishana sana kijiweni. Kwenye onesho la mapumziko la Super Bowl, fainali ya ligi ya soka ya Kimarekani, mwaka 2023, Rihanna hakuimba "Pon de Replay", wimbo uliomtoa mwaka 2005, wala "Stay". Kwa nini aliziacha?
Msomaji, Nkuhungu, Dodoma

JIBU: Saa ndiyo iliyomnyima. Siku ile, Februari 12, pale Glendale, Arizona, alikuwa na kama dakika 13 na akaingiza nyimbo 12. Gawanya: kila wimbo unapata dakika moja na ushei. Kwa kipimo hicho haiulizwi wimbo upi ni mtamu, huulizwa upi unatambulika ndani ya sekunde tano na ukikatwa haufi. "Stay" ni wa piano, unapanda polepole. Ukiukata kwenye dakika ya kwanza, umeukata kabla haujafika.

Rudia kusikiliza mpangilio wake. "Where Have You Been", "Only Girl (In the World)" na "We Found Love" zilifuatana, na zote zinakwenda mapigo 126 hadi 128 kwa dakika, kwa hiyo mdundo haukukatika. Halafu akashuka kwa mkupuo: "Rude Boy", "Work", "Wild Thoughts", zote chini ya mapigo 100. "Pon de Replay" ingekaa vizuri kwenye fungu hili la pili, na hapo wana kijiwe mna haki ya kulalamika. Alifunga kwa "Umbrella" na "Diamonds", nyimbo ambazo hata asiyejua Kiingereza anaitikia.

SWALI: Ni kweli msanii wa onesho hilo halipwi?
Msomaji, Kondoa

JIBU: Ada kubwa ya tamasha hapati. Gharama za maandalizi hubebwa na ligi na mdhamini. Faida yake ni nyimbo kusikilizwa upya kwa wingi wiki zinazofuata.

SWALI: Fainali ya bonanza la kata, mwimbaji wetu amepewa mapumziko yote. Aandae nyimbo ngapi? Mwaka jana sauti ilirudi mara mbili, watu wakazomea.
Mratibu, Mpwapwa

JIBU: Nne, tano zikizidi sana. Mapumziko ya soka hayazidi dakika 15. Toa mbili za wachezaji kutoka, tatu za kuingiza na kuondoa vifaa, tatu za uwanja kuwa wazi kabla ya kipindi cha pili. Zimebaki saba. Anza moja kwa moja na kiitikio cha wimbo unaojulikana zaidi, bila utangulizi wala "mambo vipi Mpwapwa", kwa sababu sekunde 20 za mwanzo ndizo watu wanazoamua kubaki au kwenda kununua karanga. Wimbo mpya, ambao wasanii wetu hupenda kuupachika, usiwe wa kwanza wala wa mwisho. Ukilazimika, sekunde 40 katikati. Mkiwa na kikundi cha muheme, ngoma ya wanawake wa Kigogo, ngoma zao ziunganishe wimbo wa tatu na wa nne: akina mama wale hawahitaji maiki, na mwimbaji anapata pumzi.

Mwambie dijei aunganishe biti zote ziwe faili moja, lenye milio ya kuhesabia kabla ya kila mabadiliko. Kufungua wimbo mmoja mmoja kwenye simu huacha ukimya wa sekunde tatu nne kila mara, na simu ikipigwa ndiyo basi tena.

Sauti kurudi mara mbili ni kwa sababu mliweka spika pande zote mbili za uwanja. Sauti husafiri mita 340 hivi kwa sekunde, kwa hiyo aliye mita 100 kutoka spika moja huisikia ikichelewa karibu theluthi ya sekunde kuliko ile iliyo jirani naye. Wekeni zote upande mmoja, zikitazama watu wengi. Mkilazimika kuongeza spika za mbele zaidi, fundi azicheleweshe milisekunde 3 kwa kila mita: mita 50, milisekunde 150.

Kiangazi upepo wetu hutoka kusini-mashariki, na humeza sauti nyembamba kwanza, maneno yakapotea huku besi ikibaki. Spika ziupe upepo mgongo, maiki ivalishwe sponji, na jenereta ikae nyuma ya spika, mbali na mwimbaji.