Kutongozana kwenye filamu bubu

Mkuu, umeuliza watu walitongozanaje kwenye filamu bubu wakati hakuna anayesikika. Anza na Girl Shy ya 1924, ya mchekeshaji wa Marekani Harold Lloyd. Jamaa anayemwigiza ni msaidizi wa fundi cherehani, ana kigugumizi, akiona msichana tu maneno yanakwama. Halafu eti anaandika kitabu cha kufundisha kutongoza! Sauti hamna, lakini kigugumizi unakiona mdomoni kabisa. Kwenye treni anamsaidia binti (mwigizaji Jobyna Ralston) kumficha mbwa wake ili kondakta asimwone, na penzi linaanzia hapo. Maandishi ya kwenye skrini yapo, ila kazi kubwa inafanywa na macho. Mwishoni anakimbilia kuzuia harusi ya huyo binti na mwanaume mwingine: magari, farasi, pikipiki, hadi tramu. Kwa hizo mbio tu, bando lako haliendi bure.