Binti anayetamani wasiokufa

Dada yangu, umeeleza kwamba tangu bibi yake afariki nanyi mkahamia mjini, binti yako wa miaka 10 hucheza peke yake, huchora vampaya, yaani wafu wa hadithini wanaoamka usiku na kunyonya damu ya walio hai, katika kila daftari na kukuuliza kama kweli wapo watu wasiokufa. Nakusihi usimnyang'anye daftari hizo wala usidhani amepagawa. Asiyekufa ni rafiki asiyeondoka, na mtoto aliyempoteza bibi pamoja na wenzake wote kwa mkupuo mmoja ana kila sababu ya kumtamani.

Keti naye akueleze picha moja taratibu. Nilipomuuliza hivyo mpwa wangu mwenyewe, alinionyesha dirisha dogo alilolichora kwa penseli, akasema kuhusu vampaya wake, "Anasubiri mtu amkaribishe ndani."

Akiuliza kama wapo, mwambie ukweli kwamba hawapo, ila watu waliwahi kuwaamini, ukiacha yale ya kutisha. Mwaka 1892 huko Exeter, Rhode Island, nchini Marekani, majirani waliufukua mwili wa Mercy Brown, msichana wa miaka 19 aliyeuawa na kifua kikuu, kwa kuamini kwamba ndiye aliyekuwa akimdhoofisha kaka yake kutoka kaburini, kama vampaya; kumbe kaka huyo alikuwa na ugonjwa uleule.

Mpeleke kwenye kaburi la bibi yake, kisha umwalike mtoto mmoja wa jirani, mmoja tu kwanza, waje kuchora pamoja. Lakini akianza kusema kwamba anataka kufa, au akikosa usingizi na kukataa kula, mwone mshauri nasaha au daktari siku hiyohiyo.